Chombo Kizima ni Kipi? Ushahidi wa Mzigo Ulioharibika Baharini



Katika mkutano wetu uliopita wanachama wengi waliuliza swali moja kwa namna mbali mbali, na wakati haukutosha kulijibu. Swali lenyewe ni hili: mtu akikata bima ya mzigo wake, mzigo ukaharibika baharini, na kampuni ya bima ikajibu kwamba chombo hakikuwa kizima, je, ni nani apasaye kuthibitisha uzima au ubovu wa chombo kile, na kwa ushahidi gani? Tuliahidi kuandika, na ahadi ni deni.

Huenda mmoja wetu akasema, "Haya yatuhusu nini sisi wakulima wa karafuu?" Ni kweli kwamba karafuu zikishapimwa kituoni na fedha zikalipwa, si mzigo wetu tena, na safari yake ni shauri la mnunuzi. Lakini si karafuu peke yake tunayoivusha. Pilipili manga, mdalasini, ndizi na nazi za wanachama wetu huvuka kwenda Unguja na Bara, na vyombo vile vile huturejeshea saruji, mabati, mbolea na majamvi ya kuanikia. Mali hiyo ikiwa juu ya maji ni mali yetu, na khasara yake ni yetu.

Mzigo wa mzee mmoja

Msimu uliopita mwanachama wetu mmoja, mzee wa upande wa kaskazini, alipakia magunia 58 ya pilipili manga na mdalasini katika chombo cha mbao chenye mashine, kwenda Unguja. Mnunuzi alitaka mzigo uwe na bima, naye akakata bima. Chombo kilifika, hakikuzama wala hakikupanda mwamba. Lakini ngama ilipomalizwa kupakuliwa, magunia 21 ya chini yalikutwa yametota. Kampuni ya bima ikajibu kwa barua ya mistari minne: chombo hakikuwa kizima kwa safari ile, kwa hivyo madai hayalipwi.

Mzee alikuja afisini na barua mkononi. Akasema, "Katibu mwanangu, mimi ni mkulima. Nitazijuaje mbao za chombo cha mtu? Na kama kilikuwa kibovu, kosa langu mimi liko wapi?"

Tukamwomba karatasi zake. Alikuwa na risiti ya bima, basi. Nasi tulipofungua faili letu tukaona jambo lililotutia haya. Stakabadhi ya kupokea mzigo ilikuwa imetiwa sahihi gatini na mtu wetu sisi, na juu yake imeandikwa "umepokewa salama". Ilikuwa jioni ya Ramadhani, adhana imekaribia, kila mtu ana haraka ya kwenda kufuturu, naye akatia sahihi kabla ya magunia ya chini kutolewa. Kosa lile lilikuwa letu, si la mzee, na twaliandika hapa ili lisirudiwe. Mwisho wa jambo hili tutaueleza baadaye. Kwanza yafaa tufahamu sheria yasemaje.

Maana ya chombo kizima

Sheria ya bima ya bahari iliyoigwa na nchi nyingi ni ile ya Uingereza ya mwaka 1906. Jirani zetu wa Kenya wana sheria yao iliyofuata mfano huo, na hati nyingi za bima ya mizigo duniani hutumia masharti yaliyotungwa London. Kwa hivyo, ingawa mahakama zetu ni zetu, maneno yaliyomo katika hati zetu yana asili yake huko, na si vibaya kujua yalivyofasiriwa.

Kwa sheria hiyo, chombo huhesabiwa kizima kikiwa kinafaa kwa kiasi cha haki, katika kila jambo, kukabili misukosuko ya kawaida ya bahari katika safari iliyokatiwa bima. Maneno haya ni machache lakini yamebeba mambo matatu.

La kwanza ni neno "kawaida". Chombo hakitakiwi kishinde kila tufani. Chatakiwa kihimili yale ambayo kila nahodha huyatarajia katika majira yale.

La pili ni neno "safari". Hakuna uzima wa jumla. Mashua iliyo nzima kwa kwenda kisiwa cha jirani na kurudi huenda ikawa mbovu kwa kuvuka hadi Tanga, na chombo kilicho kizima wakati wa maji matulivu huenda kisiwe kizima kusi ikichacha.

La tatu ni maneno "katika kila jambo". Watu wengi wakisikia chombo kibovu hufikiri mbao zilizooza na kalafati iliyotoka. Hayo yamo, lakini si hayo tu. Mashine, pampu, usukani, nanga, mafuta ya kutosha, mifuniko ya ngama, vifaa vya kuzimia moto, yote yamo. Watu nao wamo: chombo chenye nahodha asiyejua kazi yake, au mabaharia wasiotosha, kwa sheria si kizima hata kama mbao zake ni mpya. Na upakiaji umo. Chombo kizuri kikijazwa kupita kiasi, au kikipangwa mzigo wote juu hata kikenda mrama, kimekuwa kibovu kabla ya kung'oa nanga.

Kwa mfano, mwaka 1877 kesi moja ilifika katika Baraza la Malodi la Uingereza kati ya mwenye ngano na wenye meli. Bahari iliingia kwa dirisha dogo la ubavuni lisilofungwa barabara, ngano ikaharibika. Fikira iliyotolewa pale ilikuwa ya busara: kama dirisha lile lafikiwa upesi na laweza kufungwa mawimbi yakianza, meli haiwi mbovu kwa hilo, lakini kama limefunikwa na shehena hata halifikiki, basi meli iliondoka ikiwa si nzima. Dirisha ni lile lile. Kilichobadilisha hukumu ni mahali mzigo ulipowekwa.

Sisi wa visiwa hivi hatuhitaji kupelekwa mbali kufahamu jambo la kujaza chombo. Usiku wa kuamkia tarehe 10 Septemba 2011 meli ya Spice Islander I, ikitoka Unguja kuja Pemba, ilizama karibu na Nungwi ikiwa imejaza watu na mizigo kupita uwezo wake. Ndugu zetu waliokufa wako katika dua zetu, Mwenyezi Mungu awarehemu. Twaitaja hapa kwa heshima, ili tukumbuke kwamba neno hili la "uzima wa chombo", ambalo katika barua ya bima huonekana kama neno la mawakili, asili yake ni uhai wa watu.

Uzima hutazamwa lini?

Hili ni jambo kubwa, nasi twaomba mwanachama alishike. Katika bima ya safari moja, uzima hutazamwa pale safari inapoanza. Chombo kilichotoka kizima kisha kikavunjika usukani njiani hakikukosa sharti. Na chombo kilichotoka kibovu hakiponi kwa kutengenezwa njiani.

Basi ushahidi wenye nguvu ni ushahidi wa siku ya kuondoka. Cheti cha ukaguzi ni kitu chema, na mwanachama akitazame. Lakini cheti husema chombo kilikuwaje siku mkaguzi alipokuja, na huenda ni miezi kumi nyuma. Mkaguzi atakayekuja baada ya khasara naye huona mbao baada ya kupigwa na mawimbi. Kati ya siku hizi mbili iko asubuhi ile ya kupakia, na mara nyingi aliyekuwapo asubuhi ile ni mwenye mzigo na wapagazi wake, wala si mkaguzi.

Nani alete ushahidi?

Chuoni tulifunzwa kwamba mwenye kudai ndiye apasaye kuleta ushahidi. Sheria ya bima ya bahari hufuata njia hiyo hiyo, ila madai yako mawili, na kila moja lina mwenyewe.

Mwenye mzigo adai kwamba mali yake imeharibika kwa jambo lililomo katika bima: kwa mfano maji ya bahari yameingia ngamani, au chombo kimezama. Hilo ni juu yake kulithibitisha. Kampuni ikijibu kwamba chombo hakikuwa kizima, hilo sasa ni dai lake yenyewe, na ni juu yake kulithibitisha. Mahakama ya Rufaa ya Uingereza ililiweka wazi jambo hili mwaka 1878: ushahidi wa ubovu ni juu ya kampuni ya bima. Lakini mahakama ile iliongeza neno. Chombo kikizama au kikaanza kuvuja muda mchache baada ya kutoka bandarini, na hapana tufani wala mwamba wala sababu yoyote iliyoonekana, basi wenye kuhukumu waweza kudhani kwamba kilitoka kibovu. Ni dhana tu, na dhana huvunjwa kwa ushahidi.

Twatoa mifano ya marekebu mbili. Zote mbili zilizama bila sababu kujulikana. Moja mwenye bima alishinda, nyingine alishindwa.

Ya kwanza ni ya bahari yetu hii. Marekebu iitwayo Taif ilitoka Port Louis, kisiwani Mauritius, ikapinduka na kuzama kabla ya kutimia saa 24. Haikukutwa na tufani. Kampuni ya bima ikasema hapana shaka ilitoka mbovu, maana chombo kizima hakizami hivi hivi. Kesi ilifika Baraza la Privi la London mwaka 1901. Waamuzi walikubali kwamba kuzama upesi namna ile kwatia shaka. Lakini wakasema halitazamwi jambo hilo peke yake, hutazamwa mambo yote kwa pamoja. Na ushahidi wa hali ya marekebu ile ilipokuwa ikiondoka ulikuwa na nguvu. Dhana ikavunjika.

Ya pili ni meli Popi M. Hii iliundwa mwaka 1952, na tarehe 5 Agosti 1976 ilizama katika bahari ya Mediterania mbele ya pwani ya Algeria, ikiwa na shehena ya sukari. Bahari ilikuwa tulivu na hewa nzuri. Tundu kubwa lilitokea ubavuni mwake penye chumba cha mashine, na mabaharia wakaihama. Maji ya pale ni ya kina kirefu, hapana aliyekwenda kuitazama. Wenye meli walidai kwamba imegongwa na nyambizi iliyokuwa ikienda chini ya maji. Kampuni za bima zikasema ni uchakavu wa mabati yake. Jaji wa kwanza aliona khabari ya nyambizi ni ngeni mno, lakini akaikubali kwa kuwa maelezo mengine aliyaona hayawezekani. Mwaka 1985 Baraza la Malodi liliitengua hukumu ile. Bwana Brandon, aliyesoma hukumu, alieleza kwamba hakimu halazimiki kuchagua moja katika hadithi mbili zilizoletwa mbele yake. Iko njia ya tatu: kusema kwamba aliyepaswa kuthibitisha hakuthibitisha. Wenye meli wakashindwa.

Tofauti ya marekebu hizi mbili haimo katika kuzama kwake. Katika kesi ya Taif ulikuwapo ushahidi wa hali yake siku ilipoondoka. Katika kesi ya Popi M, hata jaji hakuweza kukata kama meli ilikuwa nzima au mbovu, na shaka hiyo ikamwangukia aliyedai. Wazee wetu walisema mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Maneno ya mawakili yakienda mbele na nyuma, mwisho hurejea kwenye swali moja: siku ile ya kuondoka, nani aliona nini, na kiliandikwa wapi?

Mwenye mzigo hana ya mwenye chombo

Sasa tumjibu mzee wetu, aliyeuliza kosa lake liko wapi. Sheria ya 1906 ilikuwa kali: katika bima ya safari, mzigo nao ulikuwa umefungwa na sharti la uzima wa chombo, ingawa mwenye mzigo hana amri juu ya chombo. Biashara iliona kwamba hii si haki. Kwa hivyo masharti ya London ya bima ya mizigo, yaliyotolewa mwaka 1982 na kurekebishwa mwaka 2009, yamelegeza jambo hili. Katika masharti ya 2009 kampuni husamehe sharti la uzima kwa mwenye mzigo, ila katika hali moja: kama yeye mwenyewe alikuwa akijua, wakati mzigo unapakiwa, kwamba chombo hakifai, na khasara ikatokana na ubovu huo. Uingereza yenyewe nayo, kwa sheria ya 2015 iliyoanza kutumika Agosti 2016, imeondoa ule ukali wa zamani wa kuvunja bima nzima kwa sharti moja lililokosewa.

Hapa mwanachama mjanja atasema, "Basi afadhali nisitazame. Nisipoona, sijui, na nisipojua, nalipwa." Tumeyasikia maneno haya katika mkutano, na watu wakacheka. Lakini twaomba yasifuatwe, kwa sababu mbili.

Sababu ya kwanza ni sheria. Mwaka 2001 Baraza la Malodi lilikata kesi ya meli Star Sea, iliyoharibiwa na moto mwaka 1990. Kampuni za bima zilisema wenye meli walijua kwamba haikuwa nzima, maana vifaa vya kuzimia moto vilikuwa na kasoro na nahodha hakujua kuvitumia, na meli nyingine mbili za kundi lile zilikuwa zimekwisha kuungua. Baraza lilieleza kwamba mtu aliyeshuku kwa kweli, kisha akakusudia kufumba macho asihakikishe, huhesabiwa kuwa alijua. Wenye Star Sea walishinda, kwa kuwa haikuthibitishwa kwamba walifumba macho kwa makusudi. Walikuwa wazembe, na uzembe si sawa na kujua. Lakini mwanachama aliyesimama gatini akaona pampu inatapika maji mfululizo na chombo bado kimefungwa, kisha akageuza uso na kusema "mimi sikuona", huyo hana udhuru.

Sababu ya pili haihitaji mahakama. Juu ya chombo kile wako watu, na huenda ni watoto wa mwanachama mwenzako. Ukiona chombo kinavuja, teremsha mzigo wako, na waarifu wakubwa wa bandari. Bima hulipa magunia. Haimrudishi baharia kwa mamake.

Maji gani yaliyolotesha gunia?

Masharti haya ya London yako ya namna tatu, nayo huitwa kwa herufi A, B na C. A ni pana kuliko yote. C ni finyu: yalipa khasara ya moto, kupanda mwamba, kuzama, kupinduka, kugongana na mfano wa hayo. Maji ya bahari kuingia ngamani bila ya chombo kuzama yamo katika A na B, lakini hayamo katika C. Na maji ya mvua hayamo katika B. Wanachama wengi hukata C kwa kuwa ni rahisi, kisha hushangaa. Mwenye kukata bima aulize herufi yake kabla ya kulipa.

Kwa hivyo kampuni huuliza pia maji yalitoka wapi. Mkaguzi huwa na chupa ndogo ya dawa iitwayo silva naitreti. Huitia tone moja katika maji yaliyokamuliwa kutoka gunia lililotota. Yakiwa na chumvi ya bahari, hugeuka meupe kama maziwa. Lakini gunia likianikwa, likapigwa mvua, likachanganywa na mengine, ushahidi huo hupotea. Tena kampuni yaweza kusema pilipili ilioza yenyewe kwa kupakiwa mbichi, na kuoza kwa asili ya kitu hakumo katika bima yoyote kati ya hizi tatu. Hapo ndipo karatasi ya kituo inayoonyesha uzito na ukavu wa mali siku ya kupakia inapokuwa na thamani kuliko wakili.

Mambo ya kufanya

Twaweka hapa mambo ambayo kamati imeyakubali, na twaomba kila tawi lijiandalie daftari moja kwa kazi hii.

Kwanza, kabla ya kupakia, tazama cheti cha chombo, uandike namba yake na siku ya mwisho wake. Katika meli ya chuma tazama alama ya Plimsoll ubavuni, ile duara yenye mstari kati, iliyofanywa kuwa lazima kwa meli za Uingereza na sheria ya mwaka 1876. Kando yake iko herufi T, mpaka wa kuzama katika bahari za joto. Mstari ule ukiwa chini ya maji, meli imejazwa kupita kiasi. Chombo cha mbao kisicho na alama, piga picha ubavu wake uonekane maji yamefika wapi.

Pili, chungulia ngamani. Je, pana maji? Pana harufu ya mafuta? Pana mbao za kuinulia mzigo usiguse chini? Turubali ni zima? Piga picha kwa simu, nawe uihifadhi kama ilivyotoka, bila ya kuikata.

Tatu, andika siku, saa, idadi ya magunia, mahali yalipopangwa, na majina ya wapagazi wawili waliokuwapo. Chukua na utabiri wa hewa wa siku ile kutoka Mamlaka ya Hali ya Hewa.

Nne, mzigo ukifika, usitie sahihi ya "salama" mpaka gunia la mwisho limetoka. Kama watu wana haraka, andika "haujakaguliwa". Ukiona khasara, iandike juu ya stakabadhi yenyewe. Kwa mizigo ya hati za shehena zinazofuata mkataba wa Brussels wa 1924, khasara isiyoonekana wakati wa kupokea yatakiwa kuarifiwa kwa maandishi ndani ya siku 3, na shitaka juu ya mwenye meli lifunguliwe ndani ya mwaka 1.

Tano, magunia yaliyotota yatengwe na mazima, na mkaguzi aitwe siku ile ile. Usitupe kitu. Omba nakala ya batli ya chombo kabla ya nahodha kusafiri tena. Batli husema mengi: saa ngapi pampu ilianza kupigwa, na mara ngapi.

Mwisho wa khabari ya mzee

Tulipoisoma hati ya mzee kwa utulivu tuliona ina masharti ya herufi B, na kifungu cha kusamehe uzima wa chombo kimo. Tukaiandikia kampuni, tukaiuliza: mna ushahidi gani kwamba mzee huyu alijua? Hawakuwa nao. Wakaliacha neno la ubovu, wakashika jingine: kwamba stakabadhi yasema "salama", kwa hivyo magunia yalitota baada ya kupokewa.

Hapo mjukuu mmoja alitusaidia kuliko afisi nzima. Kijana yule alikuwa miongoni mwa wapagazi, na jioni ile alipiga picha ngamani, si kwa ajili ya bima, bali kumwonyesha babu yake pilipili ilivyoharibika. Picha ilikuwa na saa yake. Batli nayo ilionyesha kwamba asubuhi pampu ilipigwa kila baada ya saa 4, na baada ya upepo kukaza ikapigwa kila saa. Na magunia mawili ambayo mzee alikataa kuyatupa, kwa uchungu tu, yalitoa chumvi mbele ya mkaguzi.

Baada ya miezi 8 kampuni ililipa thuluthi mbili ya thamani ya magunia yale 21. Thuluthi iliyobaki ilikwenda na ile sahihi yetu ya haraka. Kamati imeamua kumlipa mzee thuluthi hiyo kutoka mfuko wa chama kwa awamu tatu, na awamu ya kwanza amekwisha kuipokea. Alipokuja kuichukua tulimtaka radhi. Akasema, "Yamepita, mwanangu. Lakini hilo daftari mlilolisema, lianze na chombo cha kesho."

Basi lianze. Daftari za matawi ziko afisini, na kila mwakilishi wa tawi aje achukue lake kabla ya mavuno ya mwaka huu.

Wassalaam,
Katibu wa Chama